Alichosema Abdulshakur

Zuleha alimwona Abdulshakur kwa mara ya kwanza kwenye mnada wa Masumbwe, na alimchukia hapo hapo. Kikundi chao cha maigizo kilitoka Shinyanga mjini kuja kuwaonya wachimbaji juu ya zebaki. Zuleha, kitenge kiunoni, ndiyo kwanza alikuwa anamlilia mume wake wa mchezoni, mara sauti ya mwanaume ikaanza kurudia kila neno lake kwa Kisukuma. Watu waliokuwa wakipatana bei za mbuzi wakageuka, wakasogea. Mchezo ulipoisha, bibi mmoja alikuwa anajifuta machozi.

"Nani kakuomba?" Zuleha alimuuliza baadaye.

"Walikuwa hawakuelewi, dada." Alivaa shati la drafti lililopauka kwa vumbi. "Na kwa ulivyolia vizuri vile, nisingeacha yapotee hivi hivi."

Ndiyo ilikuwa kazi yake. Alikuwa na banda la video Bulyanhulu, na kila sinema aliitafsiri kwa Kisukuma mwenyewe, kipaza sauti mkononi. Zuleha alikuwa mtoto wa mjini, wazazi wake watu wa pwani, na Kisukuma chake kiliishia kwenye salamu. Mwaka mzima walipigiana simu. Abdulshakur alimwita mheshimiwa na kumcheka anavyoogopa ng'ombe. Zuleha naye akamwita mbea wangu. Kampuni moja ya filamu ya Dar es Salaam ilipomtaka acheze mke anayemkimbia mume mgonjwa, Zuleha alisita. Abdulshakur ndiye aliyemshawishi, na alipokuja kumuaga akamsindikiza hadi stendi ya Kahama.

Sinema ikampokea. Kazi zikaongezeka, simu zikapungua. Siku moja Abdulshakur akamuuliza kama atume washenga kwao, naye akasema jibu atampa ana kwa ana. Ilichukua wiki sita kupata nafasi. Akapanda basi bila kumwambia, amevaa gauni jipya la kijani.

Alifika alasiri, akakuta banda linaonyesha sinema ile aliyocheza yeye. Akajitanda mtandio, akakaa nyuma. Ilipofika pale mke anapofunga mizigo, Abdulshakur alisema maneno marefu kuliko ya kwenye sinema. Banda zima likaangua kicheko.

"Amesema nini?" Zuleha alimnong'oneza mama wa pembeni.

"Eti huyo mwanamke kamchoka mtu wa vumbi."

Zuleha aliinuka, akatoka. Wiki ile ile akabadilisha namba ya simu.

Ikapita miaka saba. Alichoka kuelekezwa alie wapi na acheke wapi, akajifunza kuongoza, akaandika filamu ya kwanza ya kwake, ya mjane mkulima wa Samuye. Nafasi ya mjane huyo alimpa bibi wa hapo hapo kijijini, Scolastika, ambaye kila mtu alimwita Mayu, yaani mama kwa Kisukuma, na ambaye Kiswahili hakukijua. Msaidizi wa Zuleha akaleta mkalimani. Alikuwa Abdulshakur, ameota mvi pembeni mwa kichwa, ana mke na mabinti wawili.

Siku ya pili, wakinywa chai, Abdulshakur alimuuliza Zuleha alimkosea nini. Zuleha akamweleza yote, tangu basi hadi kicheko. Abdulshakur akaweka kikombe chini.

"Huyo mama alikupa nusu," alisema. "Nilisema kamchoka mtu wa vumbi, na mtu wa vumbi hamlaumu, kila asubuhi anafagia mlango akimsubiri. Walinicheka mimi, Zuleha. Walijua ninayemsema."

"Nilikuja kukuambia ulete washenga."

 Chai ikapoa mbele yao.

Siku ya mwisho, wakingoja jua litoke kwenye wingu, Mayu aliwatazama wote wawili, akauliza kitu. Safari hii Abdulshakur hakutafsiri.

"Anasemaje?"

"Anauliza kwa nini sikukuoa."

"Umemjibu nini?"

"Bado sijamjibu."

Zuleha akamgeukia Mayu. "Mwambie nilikuwa hatua chache kutoka kwako, nikamuuliza mtu mwingine."

Abdulshakur akamwambia. Mayu akaushika mkono wa Zuleha, akakaa nao hivyo mpaka mpiga picha alipoita kwamba jua limetoka. Zuleha akajifuta uso, akarudi nyuma ya kamera.

Jioni pikipiki ilikuja kumchukua Abdulshakur awahi basi la Kahama. Mke wake alishapiga simu mara mbili kuuliza atafika saa ngapi. Waliagana kwa kupeana mikono mbele ya watu wote, kama watu waliomaliza kazi.