Jicho Nililoficha Chumbani kwa Jenny

Jioni hiyo nilikuwa natoka kununua makaa, hapa hapa mtaani kwetu Panda. Nilipopita chini ya dirisha la mpangaji wangu nikasikia sauti mbili.

Moja ilikuwa ya Jenny, muuguzi aliyepanga chumba cha uani. Ya pili ilikuwa nzito, ya kukwaruza...

Sauti ya mke wangu, Germaine. Tulimzika mwaka juzi.

Nikabisha. Jenny alifungua, nyuma yake hakuna kitu.

"Hakuna muntu, papa Isidore. Niko miye peke yangu."

Kesho yake nilimfuata Merdi, fundi wa simu sokoni, nikataka kamera ndogo ya kuficha ndani ya saa ya ukutani. Alisita. Akaniambia kile ni chumba cha mtu, na kumrekodi bila yeye kujua sheria inakataza. Ningeweza kuishia Buluo, gerezani. Nikamjibu kwamba nyumba ni yangu.

Jenny nilimwambia saa ile ni zawadi. Alinishukuru sana.

Saa kumi na mbili jioni nikafungua simu kutazama picha za kamera ile.

Jenny amekaa chini, kichwa amekiinamisha. Nyuma yake, juu ya kitanda... Germaine. Amevaa kitenge tulichomzikia. Anamsuka nywele, polepole, wanaongea kama mama na binti yake. Sisi hatukujaliwa mtoto.

Nilipaswa kukimbia. Sikukimbia.

Siku tisa sikwenda kanisani wala kwa jirani. Kila jioni nilikaa na simu, nikimtazama mke wangu akicheka. Sikumbuki kama mimi niliwahi kumchekesha vile.

Siku ya kumi vidole vyake vikasimama.

Akainua uso. Akaitazama saa.

Akaja... karibu... karibu zaidi... mpaka uso wake ukajaa kwenye kioo cha simu. Hakuwa na hasira. Alikuwa na haya, kama mtu aliyefunguliwa mlango akiwa anaoga. Akainua kiganja.

Giza.

Nikatoka mbio uani. Jenny alikuwa amesimama mlangoni, saa mkononi, kamera inaning'inia kwa waya wake. Nikaungama yote. Alisema angeweza kunishtaki, lakini hana nguvu ya kuniona tena, hata mahakamani. Nilipomuuliza juu ya Germaine alinirudishia saa mkononi, akafunga mlango. Asubuhi alihama.

Sasa jioni nakaa peke yangu katika chumba kile kitupu. Naita jina la mke wangu. Nanusa godoro aliloacha Jenny. Hakuna hata harufu yake.

Juzi nikampigia Jenny simu. Nilimsihi aniambie amehamia wapi, nifike mara moja tu, niombe msamaha. Nikasikia mtu akimwambia kitu, chini chini, kwa sauti ya kukwaruza...

Kisha Jenny akanong'ona:

"Papa, mama anasema usitafute fasi kwenye tunakaa."