Ngoma ya Msiba Mkutanoni

Ngoma ya msiba, inayowaita watu mazikoni, haipigwi pasipo msiba, na anayevunja mwiko huo hutoa kondoo. Kila mkazi wa kijiji kile, jirani na Sepuka, aliyajua hayo.

Ngoma ilitunzwa na Theresia, mjane wa Antipasi aliyekuwa mpigaji wake. Kila jioni aliifuta vumbi kwa pindo la kanga, akitamani kuisikia tena kama marehemu alivyoipiga.

Mwaka wa kuhamia vijijini, Manase aligombea uenyekiti wa kijiji. Alifika kwa Theresia na kundi la watu wakiimba.

"Shikamoo, mama. Tumefuata ngoma. Wakoloni waliudharau utamaduni wetu; leo umma unautaka."

"Marahaba. Nani amefariki?"

Kundi likacheka. "Mama huyu bado anamngoja Bwana Shauri wa wakoloni ampe ruhusa," mmoja alisema.

"Mama, mimi ndimi umma," Manase akasema. "Ukininyima mimi, umewanyima watu."

Theresia aliona haya. Tena moyo wake uliitamani mno sauti ile. Akaitoa.

Ngoma ikapigwa katika mikutano mitatu, watu wakacheza. Mwezi uliofuata akafariki Martha, dada yake Theresia. Ngoma ilipolia, waliokuwa mashambani waliendelea kupalilia uwele.

"Ni Manase huyo," waliambiana. "Atangoja."

Martha alichimbiwa kaburi na watu wanne tu.

Theresia alimsimulia Luciana, mwalimu wake wa elimu ya watu wazima.

"Alisema umma unataka," Luciana akasema. "Wewe alikuuliza lini?"

"Hakuniuliza. Alinidai."

"Basi alisema kwa niaba ya waliompigia makofi. Umma ni pamoja na aliye shambani na aliyenyamaza. Mila ni ya wote wanaoishi nayo. Lipeleke jambo hili mkutanoni, bibi, wote wasikie."

Siku ya mkutano Theresia alisimama. "Manase, ulisema wewe ndiwe umma. Dada yangu alipozikwa, ulikuwa wapi?"

Manase akasimama. "Nilikuwa shambani, mama. Niliisikia. Nilidhani vijana wangu wananikusanyia watu."

Hakuna aliyecheka. Mkutano ukaamua kwamba ngoma irudi kwa Theresia, wala isitoke tena ila kwa msiba. Mzee Filipo alipofariki, majembe yaliachwa mashambani, na kaburi likawa tayari kabla ya adhuhuri.

Baada ya mavuno Manase alimswaga kondoo hadi kwa watoto wa Martha. Wasiofika mazikoni waliitwa wote. Walikula nyama ile, na Manase ndiye aliyewanawisha mikono.