Baiskeli ya Mahari

"Hilo bakuli unampelekea nani?"

Mwatima alikuwa mlangoni kwa shangazi yake, bakuli kalifunika kwa kitambaa cheupe. Hakugeuka.

"Mgonjwa."

"Mgonjwa gani huyo wa kula wali wa nazi na papa kila siku?"

"Miraji, mimi sijawa mkeo. Siku ukinioa, uniulize."

"Nikuoe lini? Kila nikitaja siku waniambia subiri. Nasubiri nini?"

"Subiri tu."

Akavuta buibui lake, akaenda zake.

Hiyo ilikuwa Februari ya mwaka 2001, Ngamiani, mjini Tanga, nami nilikuwa fundi baiskeli. Nimezunguka miji mingi maishani, lakini pale nilikuwa nimetia nanga kwa ajili ya mwanamke mmoja, Mpemba wa Wete, aliyekuwa akikaa kwa shangazi yake Bi Tuhfa. Kwao mambo yalikuwa yameharibika. Uchaguzi wa wawakilishi wa Oktoba uligombaniwa, Januari watu wakaandamana, risasi zikalia, walioweza wakavuka bahari. Siku zile Mpemba mgeni akionekana Tanga, alitazamwa mara mbili. Mabasi yakisimamishwa njiani, ni yeye wa kwanza kuulizwa.

Nikapanda baiskeli yangu, nikamfuata kwa mbali mpaka Makorora. Akaingia uchochoroni, akagonga mlango mara tatu. Mlango ukafunguka kidogo, ukatoka mkono wa mwanamume, ukapokea bakuli. Halafu nikamsikia Mwatima akicheka. Kwangu hakuwa amecheka tangu mwezi wa Ramadhani.

Sikurudi kibandani kwangu. Nilikwenda moja kwa moja kwa Mzee Safari, balozi wa nyumba kumi wa mtaa ule.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Mbona watoka jasho?"

"Katika nyumba zako kuna mwanamume mgeni. Umemwandikisha?"

"Mgeni gani?"

"Mpemba. Amejificha, mchana hatoki."

Mzee Safari akavua miwani.

"Una hakika?"

"Nimeuona mkono wake."

"Haya. Kesho baada ya alasiri nitakwenda na askari. Vizuri, Miraji. Chama kinataka vijana kama wewe."

Nilirudi nimefurahi, na kwa aibu nasema hivyo.

Asubuhi yake Mwatima akaja kibandani. Hakuwahi kuja pale. Akasimama karibu na baiskeli yangu, akaishika ile bendera ndogo ya chama tawala niliyoifunga kwenye usukani wakati wa kampeni.

"Hii ndiyo iliyonifunga mdomo," akasema.

"Bendera?"

"Shangazi aliniambia, mtu mwenye hii usimweleze kitu. Nikamsikiliza. Lakini jana usiku nimefikiri, nimechoka kumficha mambo mtu ninayetaka anioe. Miraji, baba yangu kafa, walii wangu ni kaka yangu, Mselem. Bila yeye siozwi. Ndiyo maana nakwambia subiri."

"Yuko wapi?"

"Makorora."

Spana ikanidondoka.

"Alikuwa wakala wa wapinzani kituoni," akaendelea. "Walimletea fomu ya matokeo atie saini, akakataa. Baada ya yale maandamano wakaja kumtafuta mpaka uvunguni. Sasa amesema yuko tayari kutuozesha, hata kama ni chumbani mlango umefungwa. Huna furaha?"

"Mwatima."

"Nini?"

"Jana nilikufuata."

Akauondoa mkono kwenye ile bendera.

"Ukaona nini?"

"Mkono wa mwanamume. Nikadhani... Nimemwambia balozi. Anakuja leo na askari, baada ya alasiri."

Nilitaka anipige. Hakunipiga. Alikaa juu ya gurudumu bovu.

"Nenda ukaifute kauli yako."

"Nimekwisha kupita kwake asubuhi, nimwombe aliache jambo hilo, hayupo. Mkewe asema kaenda kwa askari."

"Ulipita kwa nini, kama ulikuwa hujui ni kaka yangu?"

"Sikulala."

Akanitazama, kama mtu anayepima kitambaa ambacho tayari kimechanika.

"Mselem akitoka mchana huu watu watamwona anakimbia, na mwenye kukimbia ana kosa. Hatoki. Ataozesha. Kamwite shekhe na mashahidi wawili. Na tufungue madirisha yote."

"Leo?"

"Leo. Au hunitaki tena?"

"Nakutaka. Mahari yako?"

"Hiyo baiskeli uliyonifuatia."

Baada ya sala ya alasiri tulikuwa tumeketi ukumbini Makorora, mlango wazi, Bi Tuhfa akipitisha haluwa kwa majirani waliojazana kushangaa harusi isiyotangazwa. Mselem alikuwa mwembamba, ndevu zimemwota ovyo, kanzu ya kuazima imemfika chini kidogo ya magoti. Kiganja chake kilipokishika changu nikautambua ule mkono.

"Shahidi wa pili yuko wapi?" shekhe akauliza.

"Anakuja," nikasema, nami nilikuwa nimemwita mmoja tu.

Mzee Safari akatokea mlangoni, askari nyuma yake.

"Mgeni ni yupi hapa?"

Kutoka chumba cha ndani nikasikia bangili za Mwatima zikigongana.

Nikasimama.

"Mzee, jana nilikudanganya bila kujua. Nilimwona mchumba wangu anampelekea mwanamume chakula, nikaingiwa na wivu. Kumbe ni shemeji yangu, walii wake, amekuja kuniozesha. Wivu tu, mzee. Nisamehe."

Mtu mmoja akaangua kicheko, kisha nyumba nzima.

"Fundi kamshitaki shemeji yake!"

"Kaonea wivu bakuli la wali!"

Hata askari alicheka mpaka akashika mkanda. Lakini macho yake hayakutoka kwa Mselem.

"Umetoka wapi, bwana?"

"Kwetu," akajibu Mselem. "Nimekuja kumwoza dada yangu. Baba yetu ni marehemu."

Shekhe akakohoa.

"Balozi, kaa hapa. Tunapungukiwa na shahidi mmoja, na muda unakwenda."

Mzee Safari alimtazama askari, akanitazama mimi, akatazama sinia la haluwa. Akavua viatu, akakaa.

"Endeleeni. Nitamwandika daftarini: walii."

"Nimekuozesha dada yangu Mwatima binti Saleh, kwa mahari ya baiskeli moja."

"Nimekubali kumwoa, kwa mahari hayo."

Bi Tuhfa akapiga kigelegele. Askari akachukua haluwa yake, akaondoka.

Alfajiri ya siku ya pili Mwatima alimpa kaka yake mahari yake, ile baiskeli. Bendera alikuwa hajaing'oa.

"Iache hapo," alimwambia. "Kwenye vizuizi itakusaidia."

Mselem akafunga matenga mawili nyuma kama mchuuzi wa machungwa, akashika njia ya Muheza. Tulisimama mlangoni mpaka akapotea.

"Ungeniambia mapema..." nikaanza.

"Ungeniuliza vizuri," akasema.

Baiskeli haikurudi. Mimi natembea kwa miguu mpaka leo. Naye kila akitaka kutoka hunitajia kwanza aendako, bila kuulizwa, kisha husimama kidogo mlangoni, ananitazama, aone kama nimeamini.