Barua Kumi na Mbili za Bi Pampu

Mtaa mzima ulimwita Bi Pampu. Kazi yake ilikuwa kuendesha pampu za maji za idara ya serikali. Ilisemekana pampu ikipiga chafya kituoni, yeye akiwa sokoni huuliza nani kaipa mafua. Hapo walitia chumvi, lakini si nyingi.

Kila asubuhi aliweka kiganja juu ya mota, akasikiliza, kisha akaandika daftarini. Mafundi wa kudumu walivaa ovaroli za bluu zenye nembo ya idara. Yeye alivaa koti kuukuu la mumewe, kwa sababu alikuwa wa muda. Mkataba wake ulikuwa wa miezi kumi na moja. Ukiisha, alikaa nyumbani mwezi mmoja, kisha akapewa mwingine. Alizunguka hivyo miaka kumi na miwili, palepale, kama feni ya darini.

Siku moja tangazo lilibandikwa getini. Anatakiwa mwendesha pampu mmoja wa kudumu, mwenye uzoefu wa miaka mitatu. Msimamizi akamwambia asijisumbue. Wa muda hawaombi, alisema. Nafasi hiyo ni ya watu wa nje.

Bi Pampu alirudi nyumbani, akakoroga uji mpaka ukaungua. Harufu ikamleta jirani yao, mzee aliyestaafu kutoka ofisi ya serikali ya masuala ya kazi.

"Shemeji, leo umetupikia lami?"

Akasimuliwa yote. Akataka kulisikia tangazo neno kwa neno, na Bi Pampu alikuwa amelishika kichwani.

"Wapi limeandikwa wa muda asiombe?"

"Halijaandikwa. Msimamizi ndiye kasema."

"Basi mdomo wake si kanuni. Cha muda ni mkataba wako, shemeji. Ujuzi wako si wa muda."

Mzee akaeleza polepole. Mfanyakazi wa muda ana haki ya kuomba kama mtu mwingine yeyote. Asipendelewe, asibaguliwe, afanyiwe usaili uleule. Aandike ombi, na aambatishe barua zote za mikataba kuthibitisha uzoefu wake. Nakala yake igongwe mhuri wa kupokelewa. Wakimkataa, aombe sababu kwa maandishi.

"Barua ziko wapi?"

Mume, fundi viatu asiyetupa karatasi, akatazama chini. Alikuwa amezitumia kujalidi madaftari ya watoto.

Jioni hiyo familia nzima ilibandua majalada kwa mvuke wa birika. Barua zote kumi na mbili zikapatikana. Moja ilikuwa na nyota nyekundu ya mwalimu. Nyingine ilikuwa na wayo wa mteja, umechorwa kwa penseli.

Kesho yake Bi Pampu alipeleka ombi na barua zake katika bahasha. Msimamizi aliisukuma bahasha irudi.

"Sawa, mkuu," Bi Pampu alisema. "Niandikie hapa kwamba umeikataa, na sababu yake."

Msimamizi alitafuta kalamu kwa muda mrefu. Mwishowe akapata mhuri.

Siku ya usaili waombaji walikuwa saba. Wote waliulizwa maswali yaleyale. Kisha kila mmoja akaingizwa peke yake chumba cha pampu, aseme ipi ni mgonjwa. Sita walitazama mishale ya vipimo, wakasema zote nzima. Bi Pampu akaweka kiganja.

"Ya pili. Beringi imeanza kulia. Haifiki Ijumaa."

Ikafunguliwa. Beringi ilikuwa imelika upande mmoja. Mkuu wa jopo akafunga daftari lake, kisha akainua barua moja.

"Na huu wayo?"

"Ni wa mteja wa mume wangu. Yeye haombi kazi."

Jopo zima likacheka.

Wiki tatu baadaye barua ya ajira ilifika. Mume aliisoma, akaigeuza, akaitikisa.

"Mbona haina tarehe ya kuisha? Ukurasa wa pili uko wapi?"

"Hakuna wa pili," mkewe alimjibu.

Binti yao akasogeza daftari lake la sayansi, lililokuwa uchi tangu siku ya birika. Baba akaiinua barua juu. Hii, alimwambia, haitajalidi daftari lolote.

Asubuhi Bi Pampu alivaa ovaroli ya bluu. Kituo kilikuwa dakika tano kutoka nyumbani. Siku hiyo alitembea nusu saa, akipita kila uchochoro, ili mtaa mzima uione nembo.