Upinde Uliopakwa Mafuta

Kila siku baada ya shule Cheche alikuwa na kazi tatu: kuosha vyombo, kufagia ukumbi, kisha kupiga fidla kwa nusu saa. Hiyo ya tatu ndiyo iliyomtia hasira. Mama yake alimpa jina la Cheche kwa sababu alikuwa mwepesi kuwaka, na tangu aanze kujifunza fidla aliwaka kila jioni.

Fidla ya kujifunzia ilikuwa moja, na upinde wake mmoja. Vyote vilikuwa mali ya Fundi, seremala wa mtaa wa pili. Ujanani alipiga katika bendi, na siku hizi alifundisha watoto wawili tu, nyuma ya karakana yake. Mwenzake Cheche aliitwa Kibibi, kwa jinsi alivyotembea polepole kama ajuza. Alikuwa mtoto wa mama mdogo wa Cheche, na walilala chumba kimoja.

Wiki tatu zilipita bila kufundishwa wimbo hata mmoja. Ilikuwa ni kuvuta upinde tu juu ya uzi mmoja, kutoka shikioni, pale mkono unaposhika, hadi nchani, halafu kurudi.

"Usiukandamize," Fundi alisema kila mara. "Acha uzito wa mkono ufanye kazi. Ushike kama kifaranga: asikuponyoke, wala usimuue."

Nyumbani, ambako Fundi aliwaruhusu kwenda na fidla kufanya mazoezi, Kibibi akivuta, sauti ilitoka nene, imenyooka. Cheche akivuta, ilikuwa kwiii! Jioni moja kaka yake alichungulia mlangoni.

"Mnachinja nini humu?"

"Nakuchinja wewe! Toka!"

Jumatano Cheche alibaki peke yake chumbani. Asubuhi hiyo mama yake alikuwa ametia mafuta bawaba za mlango, na mlango ukaacha kulia. Cheche akautazama mlango, akautazama upinde. Akachukua kopo la mafuta ya nywele ya mama yake, akazipaka zile nywele za mkia wa farasi zilizofungwa kwenye upinde, mwanzo hadi mwisho.

Akavuta. Kelele ilikoma, lakini na sauti ilikoma pia. Upinde uliteleza juu ya uzi kama sabuni mkononi. Akaufuta kwa gauni lake, ukazidi kuharibika. Akaufungia sandukuni bila kumwambia mtu.

Kesho yake Fundi alifungua sanduku, akavuta upinde mara moja. Kimya. Akagusa nywele, akanusa vidole. Uso ukabadilika.

"Nani amefanya upumbavu huu?"

Maranda ya mbao yalikuwa yamejaa sakafuni. Cheche aliyatazama hayo.

"Kibibi ndiye aliyeushika mwisho," alisema.

"Mimi?" Kibibi aligeuka. "Mimi, Cheche?"

"Si wewe uliyekuwa nao jana?"

"Basi!" Fundi alipiga meza. "Upinde huu nimekaa nao miaka ishirini. Binti, nenda nyumbani, na usirudi hapa."

Kibibi hakulia. Alitoka, na kwa mara ya kwanza alitembea haraka. Nyumbani mama yake Cheche aliposikia yaliyotokea na kuona kopo lake limepungua, alimgombeza hadi sauti ikamkauka. "Mwizi wa mafuta, na mkaidi juu yake! Mungu anakuona!" Kibibi alijibu neno moja tu, "Sikuchukua," kisha akakunja godoro lake na kuhamia ukumbini. Cheche alipomletea chai, aliimwaga nje mbele ya macho yake.

Jumamosi Cheche alikwenda kwa Fundi peke yake. Alipewa upinde mwingine, ule aliopigia Fundi mwenyewe. Akavuta: kwiii! Akavuta tena, ikawa mbaya zaidi. Bega lilimpanda hadi sikioni.

"Mkono wako umekakamaa kama ubao," Fundi alisema. "Umemkasirikia nani?"

"Kibibi! Ananinunia! Hataki hata chai yangu!"

"Mtu aliyeharibu kitu cha watu anakununia wewe? Kwa lipi?"

Cheche aliushusha upinde. Akaweka fidla chini.

"Ni mimi niliyeupaka. Nilidhani utaacha kulia, kama mlango."

Fundi aliuchukua upinde wake. Akavua aproni.

"Mimi nami nilimfukuza mtoto wa watu bila kuuliza mara mbili," alisema kwa ukali. "Twende. Uongo ulisikiwa na watu, na ukweli wausikie watu walewale."

Ukumbini, mbele ya mama na kaka, Cheche alisema yote. Mama alikuwa wa kwanza kuomba radhi, kisha Fundi. Kibibi alisimama, mikono kiunoni.

"Bado nina hasira," alisema.

"Najua," Cheche alijibu.

"Hujui! Uliniacha nitukanwe siku mbili, wewe unakunywa chai!"

Hakuna aliyemnyamazisha.

Siku tatu mfululizo Cheche alikaa karakanani na kitambaa chenye spiriti, akisafisha upinde kidogo kidogo, akichunga spiriti isiguse mbao. Nywele zilipokauka, Fundi alimwita Kibibi arudi, kisha akazisugua kwa kipande cha utomvu mgumu mpaka zikawa na vumbi jeupe.

"Gusa," aliwaambia wote wawili. "Zinakwaruza kidogo, siyo? Nywele zikiushika uzi, ndipo sauti inatoka. Wewe, Cheche, ulitaka kukwepa kujifunza, ukapaka mafuta. Kisha ukataka kukwepa aibu, ukasema uongo. Mara zote mbili ulitafuta njia ya kuteleza, na aliyeanguka ni mwenzako. Ukikosea, sema siku hiyohiyo. Mimi nitafoka, lakini nitakufundisha. Nisichokijua siwezi kukirekebisha."

"Nimesikia, Fundi."

Cheche aliuchukua upinde, akampa Kibibi kwa mikono miwili. Kibibi alimkazia macho. Kisha akaupokea, akaweka fidla begani, akavuta kutoka shikioni hadi nchani, na sauti ikatoka nene, imenyooka.