Nondo Tisa wa Daftarini

Kila Jumamosi adhuhuri, jua likiwaka juu ya pwani ya Taranaki, Ngahuia alikwenda gengeni, penye mteremko mkali juu ya bahari, kuhesabu nondo. Zamani aliandamana na bibi yake. Bibi alipozikwa, ilimbidi aende peke yake, akikokota miguu.

Nondo hao ni wadogo kama ukucha, wenye mabawa meusi na ya rangi ya chungwa, na hawapatikani nchi nyingine yoyote. Viwavi wao hula pinatoro tu, mmea unaotambaa chini. Bibi alizoea kuhesabu tisa, mara nyingine kumi, na kuandika daftarini.

Jumamosi ya kwanza baada ya matanga, Ngahuia hakuona hata mmoja. Akaandika tisa. Hakuona haya wala hofu. Moyo ulikuwa umekufa ganzi. Jumamosi tatu zilizofuata hakufika hata gengeni. Aliketi nyuma ya banda la kukamulia ng'ombe, akaandika nane, kumi, tisa.

"We binamu, siku hizi nondo wanakufuata mpaka kwenye mavi ya ng'ombe?" Tamahou alimtania.

"Niache bwana."

Siku moja Shangazi Pirihira, anayeangalia nondo wa pwani yote, alikuja na miche arobaini ya pinatoro garini. Akafungua daftari, akatabasamu.

"Tisa! Hongera, mwanangu. Basi hapa hamna shida. Miche hii naipeleka ghuba ya pili. Mwaka huu hakuna mingine."

Akawasha gari. Ngahuia alijua kwamba miche ikiondoka, nondo wa bibi wamekwisha.

"Shangazi, si tisa," alisema. "Ni sifuri. Niliandika uongo."

Shangazi akazima gari. "Tangu lini?"

"Tangu Bibi azikwe. Daftari lake halikuwahi kuwa na sifuri."

Wakamwita Tamahou, wakaenda gengeni wote watatu. Ua wa waya ulikuwa umelala chini, na ng'ombe walikuwa wamekanyaga na kula karibu pinatoro yote. Walikaza waya, wakapanda miche mpaka viganja vikachubuka.

"Njooni! Njooni muone!" Tamahou akaita. Kwenye pinatoro moja iliyosalia palikuwa na viwavi wawili.

"Tumeponea chupuchupu," alisema Shangazi. "Haya, binti, andika hesabu ya leo."

Ngahuia alitembea taratibu toka kigingi hadi kigingi cha ua, akitazama kweli. Viwavi hawakuhesabiwa, na nondo hakuona hata mmoja, akaandika sifuri. Ganzi haikumtoka siku hiyo, lakini alimpa Shangazi daftari mwenyewe.

Shangazi aliisoma hesabu, akatia sahihi yake pembeni.

"Sifuri hii ingetuleta hapa tangu mwezi uliopita," alisema. "Bibi yako alikufundisha kuhesabu, mwanangu, hakukufundisha kupamba daftari. Mambo yakiharibika, sema yameharibika. Usiposema, tutajuaje kuja kukusaidia?"