Shamba la Amuri Ndani ya Mashine

— Koko! Koko, njoo! Amuri anaondoka mara ya pili!

Niliacha mchele kwenye ungo nikakimbia, kwa kadiri mtu wa umri wangu anavyoweza kukimbia. Nilimkuta Mwamvita amepiga magoti mbele ya televisheni, manete ya kuchezea mkononi, mtandio umemwangukia mabegani. Kwenye kioo palikuwa na maandishi ya Kifaransa. Kifaransa changu ni cha sokoni tu, nikamwomba anisomee.

— Wanasema mchezo huu unatoka kwenye orodha tarehe makumi tatu na moja. Siku kumi na ine, Koko. Kisha basi.

Amuri alikuwa mjukuu wangu, na Mwamvita alikuwa mke wake. Amuri alirudi kutoka Salamabila na homa, akalala siku tatu, tukamzika hapa Kasongo. Tangu hapo Mwamvita alikaa eda nyumbani kwangu, miezi minne na siku kumi, bila kuvuka ua. Dirisha lake lilitazama ukuta. Mahali pekee alipoweza kutembea palikuwa ndani ya ile mashine.

Ulikuwa mchezo wa shamba. Wawili wanalima pamoja, wanajenga nyumba, wanafuga. Wakati wa uhai wake Amuri alipanda mpunga mpaka mtoni, akaanza daraja, na mbuzi wao mkaidi akampa jina langu, Koko, yaani bibi. Nilimpiga kofi la begani siku ile, na mpaka leo nacheka. Kabla ya safari ya Salamabila alimwacha mtu wake wa mchezo amesimama kwenye ukingo wa mto, kofia kichwani, akitazama daraja lisilokwisha. Mwamvita hakumsogeza. Kila siku alimleta mtu wake mwenyewe, akamsimamisha karibu naye.

— Nitamuandikia Yaya Djafari, alisema huku akifuta machozi. Yeye ndiye analipa. Atajua la kufanya.

Djafari ni kaka mkubwa wa Amuri, na kwetu kaka mkubwa huitwa Yaya; anauza vitenge Salamabila. Baada ya mazishi mchezo ulijifunga kwa picha ya kufuli, maana abonema ya Amuri, yale malipo ya kila mwezi, ilikuwa imekwisha. Djafari aliibeba mashine, akairudisha imefunguka. Akasimama nje ya pazia akasema: "Shemeji, usihangaike. Nimepanga kila kitu." Mwamvita alimshukuru mpaka sauti ikamkauka. Miezi iliyofuata mimi ndiye niliyeipeleka mashine kwa Hamadi, mwenye chumba cha michezo karibu na soko, ili ione rezo, yaani mtandao, na ijue kwamba mwezi mpya umelipwa. Nilidhani Djafari alikuwa akituma pesa kutoka kule.

Kumbe shukrani nayo inaweza kuwa kamba. Jibu la Djafari lilikuja kwenye simu yangu, Mwamvita akanisomea:

"Shemeji usilie. Nitaongea na wale wenye michezo, hawataondoa. Miye ndiye nalipa, watanisikia. Lakini na weye unipe neno moja mbele ya eda kwisha. Unajua ni neno gani. Baba anakubali."

Mwamvita aliweka simu chini polepole, kama yai.

— Koko, nitakubali.

— Unamupenda?

— Hapana.

— Basi unakubali nini?

— Nitafanya nini, Koko? Chakula iko ya baba mukwe, nyumba iko yenu, hata shamba la Amuri iko mikononi mwake. Nikisema hapana, anafunga. Nikisema ndiyo, anafunga miye.

— Usijibu leo, nikamwambia. Wali hauivi kwa kufunua sufuria.

Asubuhi nililaza mashine kwenye beseni, nikaifunika kitenge, nikajitwisha. Pikipiki siziamini, na barabara ilikuwa na matope. Hamadi aliniona toka mbali. Kila mara alikuwa akitoka kunipokea njiani, akiliteremsha beseni kwa mikono miwili kama mtu anayepokea mtoto mchanga. Alikuwa rafiki ya Amuri, mtu wa maneno machache.

— Karibu Koko. Kaa kwanza, unywe maji.

Ndani walikuwa wanacheza mpira wa kwenye kioo, watu wazima wazima. Hata sijameza maji, rezo ikakatika. Kila televisheni ikaonyesha kufuli. Fabrice, dereva wa pikipiki, akatupa mikono juu.

— Tena! Hamadi, na miye nilikuwa nakaribia kufunga bao!

— Ulikuwa unakaribia kufungwa, alisema mwenzake.

— Wacha! Zamani tulicheza hapa hata rezo ikilala juma zima. Sasa ni miezi tatu, ikikohoa tu, makufuli! Hamadi, rudisha nyumba ya abonema ku mashine yako. Uliipeleka wapi?

Hamadi alimtazama. Fabrice naye akatazama beseni langu, akachukua funguo zake. Wengine wakamfuata nje wakinung'unika. Viti vikabaki vitupu.

— Nyumba ya abonema ni kitu gani? nikauliza.

— Mambo ya mashine tu, Koko.

— Nieleze. Miye niko na wakati.

Akakaa kwenye ukingo wa benchi.

— Abonema moja inachagua mashine moja kuwa nyumba yake. Ile mashine inafungua michezo hata pasipo rezo. Zingine, rezo ikikata, zinafunga.

— Na nyumba ya abonema yako iko wapi?

Alichukua kitambaa, akaanza kupangusa vumbi kwenye mashine ya Amuri, pembe kwa pembe.

— Kwenu kuna rezo, Koko?

— Hakuna.

— Basi.

Nikahesabu moyoni. Miezi mitatu. Miezi mitatu watu wanatoka kwake wakinung'unika ili mjane mmoja afungue shamba lake kwenye nyumba isiyo na rezo.

— Na Djafari?

— Yaya Djafari alileta mashine siku ya kwanza. Akauliza bei. Nikamwambia mujane wa Amuri halipi hapa. Akacheka, akaenda.

— Mbona hukusema, mwanangu?

— Mwanamuke iko mu eda, Koko. Nikituma neno kwamba ni miye, ni sawa na kupiga hodi ku mulango wake. Haifai.

Macho yangu yaliwasha. Nikanywa maji yaliyobaki ili nipate la kufanya.

— Djafari anasema atawaambia wenye michezo wasiondoe ule wa shamba.

Hamadi alitaka kucheka, akajizuia.

— Koko, hakuna mutu wa kuwaambia. Si Djafari, si miye, hata mutu aliyelipa mwaka muzima. Abonema ni kama kulipa mulangoni kwa soko. Umelipa, umeingia, unachukua kilicho mezani. Lakini kila meza iko na mwenyewe. Alipatana na mwenye soko kwa muda, muda ukiisha anakunja mukeka wake. Mingine inakuja, mingine inaondoka.

— Na kazi ya Amuri? Mpunga, daraja, yule mbuzi?

— Iko salama, imeandikwa mu mashine. Ila itakuwa kama sanduku lisilo na ufunguo. Ufunguo ni mutu kununua mchezo wenyewe, uwe wake. Hapo hakuna mwezi, hakuna orodha. Na sasa, mbele haujaondoka, wanaopata abonema wanapunguziwa bei. Miye nitaununua, Koko. Usimwambie.

— Nitamwambia, nikasema. Maisha yake yamejaa watu wanaomfanyia vitu nyuma ya pazia.

Nilimweleza Mwamvita yote: soko, meza, mkeka, viti vitupu. Alisikiliza mikono imelala mapajani.

— Basi namna nililia kumushukuru Yaya Djafari...

— Ehe.

— Na yule mwingine hakusema kitu.

— Hakusema.

Akasimama. Tangu kifo cha mume wake sikuwa nimemwona akisimama vile.

— Koko, hata Hamadi asininunulie. Aksanti yake ninaisikia, lakini sitaki kamba ingine, hata iwe ya hariri. Bidoni mbili za mafuta ya ngazi, yale mawese tuliyokamua na Amuri, ziko stoo. Mupelekee. Auze, aninunulie mchezo. Kikibaki kitu, anirudishie.

Nilizipeleka bidoni kwa mkokoteni. Hamadi hakubisha. Aliuza, akanunua mchezo kwa lile jina la Amuri lililokuwa kwenye mashine, akarudisha kilichobaki kimefungwa kwenye karatasi, pamoja na bidoni zote mbili zilizooshwa. Nani anaosha bidoni ya mafuta siku hizi?

Tarehe makumi tatu na moja ikapita. Ijumaa iliyofuata, baada ya sala, Djafari akaingia amevaa kanzu mpya, sukari mkononi. Baba yake, mwanangu Amisi, alikuwa ameketi kwenye mkeka wa sebule. Mwamvita alikuwa chumbani, nyuma ya pazia, mashine imewashwa.

— Shemeji, salama? Nimekuja kuchukua neno langu.

— Salama, Yaya. Na mchezo? Uliongea nao?

— Niliongea nao! Nilipiga simu mpaka Ulaya. Kwanza walikataa. Nikawaambia, miye ni kliya wenu, muteja wa miezi ine, munataka kunivunjia heshima? Wakakubali.

Amisi aligeuka kumtazama mwanawe kwa fahari. Nilimhurumia.

— Walikubali hawataondoa? aliuliza Mwamvita.

— Hawakuondoa! Fungua uone.

Tulisikia mlio wa manete, kisha ule muziki wa shamba, kisha mbuzi Koko akalia. Djafari akapiga kofi moja la furaha.

— Baba, unasikia? Nilisema nini! Mutu akiwa na neno, hata wazungu wanamusikia.

— Yaya Djafari, alisema Mwamvita, na sauti yake haikutetemeka. Mchezo uliondoka ile siku waliyosema. Kwenye orodha hauko tena. Huu nilinunua miye, kwa bidoni mbili za mafuta ya Amuri. Ufunguo wangu.

Muziki wa shamba uliendelea peke yake.

— Labda... labda walirudisha kisha...

— Na ile miezi ine, nikasema mimi, abonema ilikuwa ya Hamadi. Hakuuliza hata franga moja. Wateja wake walikuwa wanamukimbia kwa sababu ya nyumba hii. Uliza Fabrice, uliza soko lote.

Amisi aliinama, akatazama vidole vyake vya miguu.

— Djafari. Ulilipa?

— Baba, miye nilitaka tu...

— Ulilipa?

— Hapana.

— Na ulimuomba mujane neno la ndoa mu eda, na miye uliniambia ni yeye anataka.

Djafari aliketi chini, kanzu mpya ikakunjamana. Hapo nikamwona tena mtoto niliyembeba mgongoni, aliyekuwa akilia Amuri akisifiwa.

— Nilitaka aniangalie namna alikuwa anamuangalia Amuri, alisema.

Nikamsogezea kikombe cha chai. Uongo wake ulikuwa wake, lakini na uchungu ule pia ulikuwa wake.

— Umuombe musamaha, baba, kisha unywe. Itapoa.

Akaomba msamaha kwenye pazia, kwa sauti ndogo. Mwamvita akajibu:

— Nimekusamehe, Yaya. Neno langu ni hapana.

Djafari alikunywa chai yote. Alipoondoka aliacha sukari.

Eda ilipokwisha tulimwogesha Mwamvita, tukamvisha kitenge cha kijani. Asubuhi ya kwanza aliyoruhusiwa kutoka, alijitwisha beseni mwenyewe. Mimi nilimfuata nyuma nikiwa mikono mitupu. Watu walimsalimia njia nzima, naye aliitazama kila nyumba kama imejengwa jana.

Hamadi alitoka kupokea beseni, akaona si mimi niliyelibeba, akasimama katikati ya barabara.

— Habari, Hamadi.

— Nzuri. Koko, eda imekwisha lini?

— Jana, nikasema.

— Nimekuja kurudisha nyumba yako ya abonema, alisema Mwamvita. Uiweke ku mashine yako. Fabrice afunge bao lake.

— Fabrice hatafunga, Koko anajua.

Mwamvita akacheka. Nilikuwa nimesahau kwamba ana mwanya.

— Aksanti kwa yote, Hamadi. Na kwa kunyamaza.

Hamadi alilipokea beseni, na akawa hajui aliweke wapi.

— Mwamvita, sasa naweza kupiga hodi?

— Unaweza kupiga. Kufungua ni miye.

— Nitangoja mulangoni.

— Utangoja sana.

— Miye nimezoea rezo ya Kasongo.

Alingoja miezi saba. Alituma wazee wake kwa Amisi, na Amisi akawaambia wamuulize mwenyewe, jambo ambalo katika ukoo wetu sikuwahi kuliona. Mwamvita alifungua siku aliyotaka. Harusi ilikuwa ndogo. Djafari alituma vitenge kutoka Salamabila, vizuri kweli, vya sare ya wanawake wote.

Juma moja baadaye niliwatembelea. Walikuwa wameketi mbele ya televisheni. Kwenye kioo, mtu wa Amuri alikuwa bado kwenye ukingo wa mto.

— Ile miezi yote Koko alikuletea mashine, hukumugusa? Mwamvita aliuliza.

— Kila mwezi niliifungua nione kama inafanya kazi, alisema Hamadi. Sikumugusa. Si mutu wangu.

Mwamvita alichukua manete. Alimgeuza Amuri polepole, akampitisha kando ya mpunga, akampisha mbuzi aliyesimama njiani kwa ukaidi wake, akamfikisha kwenye nyumba, akamkalisha kwenye benchi la mlangoni. Alikaa akimtazama. Hamadi hakumharakisha.

Kisha Mwamvita akampa Hamadi manete ya pili.

— Tengeneza mutu wako, alisema. Daraja bado.